Jinsi Tunavyoichagua Serikali ya Kaunti: Somo kwa Watu wa Kitui na Makueni

Siku ya uchaguzi mkuu nchini Kenya kila mpiga kura hupewa karatasi sita. Moja ni ya Rais, nyingine ya Gavana wa kaunti, nyingine ya Seneta, nyingine ya Mbunge wa jimbo, nyingine ya Mwakilishi wa Wanawake, na ya sita ni ya Mwakilishi wa Wadi katika Bunge la Kaunti. Watu wengi wakiisha kutia alama karatasi ya Rais huona kwamba kazi yao imekwisha. Zilizobaki huzipitia kwa haraka, pengine kwa kufuata alama ya chama tu, pengine bila kuyasoma majina. Na hiyo ya wadi ndiyo inayodharauliwa kuliko zote.

Somo hili lahusu karatasi mbili kati ya hizo sita, yaani ya Gavana na ya Mwakilishi wa Wadi, maana hao ndio serikali ya mahali petu. Twataka kueleza jinsi wanavyochaguliwa, kazi ya kila mmoja, na kwa nini haifai kumchagua mmoja kwa makini na mwenzake ovyo. Mifano yetu tumeichukua Ukambani, katika kaunti za Kitui na Makueni. Katika nchi kavu kama ya Tseikuru, Ikutha au Mtito Andei, ambako mama aweza kuondoka alfajiri na punda kwenda kuchota maji katika mchanga wa mto, asirudi mpaka jua limepanda, swali la nani ameketi katika Bunge la Kaunti ni swali la maji, la dawa na la barabara.

TULIKOTOKA

Kabla ya Serikali ya kikoloni Wakamba walikata mashauri yao katika nzama, yaani baraza la wazee wa utui. Mtu hakuchaguliwa kwa kura, bali aliingia kwa umri wake na kwa kutimiza ada zilizotakiwa. Wanawake na vijana hawakuwamo.

Mwaka 1924 Serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya kuanzisha Mabaraza ya Wenyeji katika wilaya za Waafrika. Kitui ilipata baraza lake, na Machakos ikapata lake. Wakati huo Makueni ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Machakos, wala haikuwa wilaya peke yake mpaka mwaka 1992. Mwenyekiti wa baraza alikuwa Mkuu wa Wilaya, na maazimio yake yalihitaji kibali cha Serikali. Baraza liliweza kushauri, na kutoza kodi ndogo kwa ajili ya mambo kama shule na barabara, lakini halikuweza kuzuia jambo ambalo Serikali imekusudia kulitenda.

Udhaifu huo ulionekana wazi mwaka 1938. Serikali iliamuru ng'ombe wa Machakos wapunguzwe kwa nguvu, ikisema kwamba malisho yameharibika na udongo unachukuliwa na mvua. Wenye ng'ombe hawakuwa na kura ya kupinga amri hiyo, wala hawakuwa na mjumbe ambaye wangeweza kumwondoa. Basi maelfu yao, wakiongozwa na Muindi Mbingu, walikwenda Nairobi kumtaka Gavana wa koloni awasikilize, wakakaa huko majuma kadhaa. Muindi Mbingu alikamatwa akahamishiwa Lamu, lakini mwishowe Serikali ililegeza amri ile.

Mwaka 1950 mabaraza hayo yaligeuzwa kuwa Mabaraza ya Wilaya ya Waafrika, yakapewa madaraka zaidi. Mwezi wa Machi 1957 Waafrika wa Kenya walipiga kura kwa mara ya kwanza kuwachagua wajumbe wao katika Baraza la Kutunga Sheria. Viti vilikuwa 8, na kiti cha Ukambani kilichukuliwa na James Muimi. Lakini si kila mtu mzima aliyeruhusiwa. Mpiga kura alipimwa kwa elimu yake, au mapato, au mali, au utumishi wake, na mwenye sifa nyingi aliweza kupewa hata kura 3 peke yake.

Baada ya Uhuru wa mwaka 1963 palikuwa na Mabaraza ya Kaunti, na wananchi waliwachagua madiwani. Mabaraza hayo yalisimamia shule za msingi, afya na barabara, mpaka sheria ya mwaka 1969 ilipozihamisha kazi hizo kwa Serikali Kuu. Tangu hapo diwani alibaki na cheo na kazi chache. Tena mwenyekiti wa baraza hakuchaguliwa na wananchi, bali na madiwani wenyewe.

Siri ya kura nayo iliwahi kuondolewa. Mwaka 1988, katika mchujo wa chama cha KANU, ambacho wakati huo kilikuwa chama pekee, wapiga kura walipangwa mlolongo, kila mtu nyuma ya mgombea wake au picha yake. Mtu alionekana na chifu, na mwajiri wake, na jirani anayemdai deni. Ndiyo maana leo sheria yakataza mtu yeyote kukulazimisha kuonyesha ulivyopiga kura yako.

Katiba mpya, iliyoanza kutumika tarehe 27 Agosti 2010, ilileta kaunti 47. Uchaguzi wa kwanza wa serikali hizo ulifanywa tarehe 4 Machi 2013, wa pili tarehe 8 Agosti 2017, na wa tatu tarehe 9 Agosti 2022. Mabaraza ya zamani na madiwani wake yakakoma. Katiba yaagiza kwamba uchaguzi mkuu ufanywe Jumanne ya pili ya mwezi wa Agosti katika kila mwaka wa tano, na kwa hesabu hiyo ule unaofuata wa 2022 waangukia tarehe 10 Agosti 2027.

KAZI ZA KAUNTI

Kwanza yatupasa kujua ni kazi gani zilizo mikononi mwa kaunti, maana watu wengi humlaumu Gavana kwa jambo lisilo lake, na kumsamehe kwa jambo lililo lake hasa.

Kaunti husimamia zahanati, vituo vya afya na hospitali za kaunti. Kilimo na mifugo. Maji ya wananchi. Barabara za kaunti. Masoko na leseni za biashara. Shule za chekechea. Na vyuo vya ufundi vya vijijini. Shule za msingi na za sekondari, polisi, mahakama na barabara kuu za taifa ni kazi za Serikali Kuu. Chifu na naibu wake hawachaguliwi kwa kura, nao ni watumishi wa Serikali Kuu. Msimamizi wa wadi naye hachaguliwi. Ameajiriwa na kaunti.

Kwa kazi hizo kaunti hupewa fedha kutoka hazina ya taifa. Katiba yasema kwamba kaunti zote pamoja zisipewe chini ya asilimia 15 ya mapato ya taifa yaliyokaguliwa. Juu ya hizo kaunti hutoza ada zake, kama zile za masoko na leseni. Fedha hizo ni za wananchi wote, hata wa yule ambaye hakupiga kura.

WATU WAWILI, KAZI MBILI

Gavana ndiye mkuu wa watendaji wa kaunti. Hugombea pamoja na naibu wake, nao huchaguliwa na kaunti nzima kama kiti kimoja. Anayepata kura nyingi kuliko wenzake ndiye mshindi, hata kama hakufikia nusu ya kura zote. Akiisha kuapishwa huteua kamati yake ya utendaji, yaani mawaziri wa kaunti, ambao lazima wakubaliwe na Bunge la Kaunti. Hawezi kushika cheo hicho zaidi ya vipindi viwili. Watu wa Kitui wameonyesha jinsi kura inavyoweza kumwondoa Gavana na kumrudisha. Mwaka 2013 walimchagua Julius Malombe. Mwaka 2017 walimchagua Charity Ngilu, ambaye pamoja na Joyce Laboso wa Bomet na Anne Waiguru wa Kirinyaga walikuwa wanawake wa kwanza kuchaguliwa kuwa magavana nchini. Mwaka 2022 walimrudisha Malombe. Katika Makueni, Kivutha Kibwana alimaliza vipindi vyake viwili mwaka 2022, na Mutula Kilonzo Junior akachaguliwa baada yake.

Mwakilishi wa Wadi, ambaye wazee wengine bado humwita diwani, huchaguliwa na watu wa wadi moja tu. Kitui ina majimbo 8 na wadi 40. Makueni ina majimbo 6 na wadi 30. Pamoja na wale waliochaguliwa wapo wengine walioteuliwa kutoka orodha za vyama, kwa kadiri ya viti ambavyo kila chama kimepata, ili watu wa jinsia moja wasizidi theluthi mbili katika Bunge, na ili walemavu, vijana na makundi yaliyoachwa nyuma wapate sauti. Spika husimamia mazungumzo, naye huchaguliwa na wajumbe kutoka nje ya Bunge.

Kazi ya Mwakilishi wa Wadi ni ya namna tatu. Hutunga sheria za kaunti. Huyachunguza na kuyapitisha makadirio ya fedha. Na humwangalia Gavana na mawaziri wake kama wametumia fedha kwa kazi iliyokusudiwa. Kwa sheria makadirio ya mwaka hufikishwa mbele ya Bunge la Kaunti kabla ya tarehe 30 Aprili, na yapasa kupitishwa kabla ya tarehe 30 Juni, kwa kuwa mwaka wa fedha huanza tarehe 1 Julai. Gavana peke yake hawezi kuyapitisha, na Bunge peke yake haliwezi kuchimba kisima. Mmoja ameshika jembe, na mwingine ameshika ufunguo wa ghala. Wakipatana katika haki, shamba hulimwa. Wakipatana katika wizi, ghala hubaki tupu. Na wasipopatana kabisa, msimu hupita.

Tuseme zahanati ya kijiji chako imekaa miezi 3 bila dawa. Kuna maswali mawili ya kuuliza. La kwanza, je, fedha za dawa zilitengwa katika makadirio? Hilo muulize Mwakilishi wa Wadi wako, maana ndiye aliyepiga kura juu ya makadirio hayo. La pili, ikiwa zilitengwa, je, kwa nini dawa haijafika? Hilo ni la Gavana na waziri wake wa afya, lakini Mwakilishi wako aweza kumwita waziri huyo mbele ya kamati ya Bunge, naye ana wajibu wa kufika na kujibu. Mwakilishi asiyejua kusoma makadirio, au asiyehudhuria kamati, hatakusaidia katika swali lolote kati ya hayo, hata kama alichanga vizuri katika mazishi ya baba yako.

MAMBO YALIYOTOKEA MAKUENI

Mfano mkubwa wa jambo hili ulitokea Makueni katika kipindi cha kwanza cha kaunti. Gavana Kivutha Kibwana na Bunge la Kaunti hawakupatana juu ya matumizi ya fedha. Ugomvi uliendelea miezi mingi, na kazi za wananchi zikakwama. Tarehe 23 Septemba 2014, huko Wote, fujo ilitokea katika uwanja wa Bunge la Kaunti, risasi zikafyatuliwa, na watu kadhaa wakajeruhiwa. Wapiganapo tembo nyasi huumia, na siku ile hata nyasi ziliona risasi.

Watu wa Makueni walikuwa na njia ambayo wenzao wa mwaka 1938 hawakuwa nayo. Katiba, kifungu cha 192, yasema kwamba Rais aweza kuisimamisha serikali ya kaunti katika hali isiyo ya kawaida, lakini baada tu ya tume huru kuchunguza na Seneti kukubali. Kusimamishwa huko hakuwezi kupita siku 90, kisha wananchi huchagua upya. Ombi la wananchi la namna hiyo lazima liungwe mkono na sehemu moja kwa kumi ya wapiga kura walioandikishwa. Makueni walikusanya sahihi zao wakazipeleka kwa Rais. Tume ilichaguliwa, mwenyekiti wake akiwa wakili Mohamed Nyaoga. Ikazunguka, ikasikiliza ushahidi, ikashauri kwamba kaunti isimamishwe. Lakini mwaka 2015 Rais Uhuru Kenyatta hakukubali kuisimamisha, na viongozi wale wale wakaendelea mpaka mwisho wa kipindi.

Kwa hiyo shauri lilirudi kwa mpiga kura. Tarehe 8 Agosti 2017 watu wa Makueni walimrudisha Gavana wao, lakini wengi wa wajumbe wa Bunge lile hawakurudi. Hatusemi hapa kwamba upande mmoja ulikuwa na haki yote na mwingine hauna. Tunalosema ni kwamba kosa la mwaka 2013 lilichukua zaidi ya miaka minne kusahihishwa. Katika muda huo mtoto aliyezaliwa siku ya uchaguzi alikuwa amefika umri wa chekechea. Wapiga kura wangalipima kila mgombea wa wadi mwaka 2013 kama walivyompima mwaka 2017, pengine sahihi zile zisingalihitajika.

KWA NINI KURA YA WADI NI NZITO

Hebu tufanye hesabu. Katika hesabu ya watu ya mwaka 2019 Kitui ilikuwa na watu 1,136,187, na Makueni 987,653. Ukigawanya watu wa Kitui kwa wadi 40, kila wadi yapata watu 28,400 hivi, wakubwa kwa wadogo. Ukigawanya wa Makueni kwa wadi 30, kila wadi yapata watu 32,900 hivi. Uwatoe watoto, uwatoe wasiojiandikisha, uwatoe wasiofika siku ya kura, kisha uwagawe waliobaki kati ya wagombea kadhaa. Utaona kwamba mtu aweza kushinda kiti cha wadi kwa kura elfu chache, na pengine kumshinda mwenzake kwa kura chache sana.

Katika kura ya Gavana sauti yako huchanganyika na sauti za watu wa kaunti nzima, na kaunti ya Kitui pekee ni zaidi ya kilomita za mraba 30,000. Katika kura ya wadi, kikundi kimoja cha akina mama cha mwethya, pamoja na waume zao na vijana wao waliojiandikisha, chaweza kuamua nani ataketi katika kiti. Basi hiyo karatasi inayodharauliwa ndiyo ambayo nguvu yako ni kubwa zaidi ndani yake.

NANI AWEZA KUGOMBEA

Anayetaka kuwa Mwakilishi wa Wadi lazima awe ameandikishwa kuwa mpiga kura, na aletwe na chama, au awe mgombea huru anayeungwa mkono na wapiga kura wasiopungua 500 wa wadi ile. Mtumishi wa umma hawezi kugombea akiwa bado kazini, wala mtu aliyefilisika, wala anayetumikia kifungo cha miezi 6 au zaidi.

Kabla ya uchaguzi mkuu vyama hufanya mchujo. Mahali ambapo chama kimoja kina wafuasi wengi, mchujo huo huwa ndio nusu ya uchaguzi, maana anayeshinda tiketi aghalabu hushinda kiti. Mwanachama asiyekwenda kwenye mchujo wa chama chake, kisha akalalamika kwamba ameletewa mgombea asiyemtaka, amechelewa kuamka.

KUJIANDIKISHA NA KUPIGA KURA

Uchaguzi husimamiwa na Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka. Kila raia aliyetimiza miaka 18, mwenye kitambulisho cha taifa au pasipoti, aweza kuandikishwa. Alama za vidole vyake huchukuliwa, na jina lake hutiwa katika orodha ya kituo kimoja tu. Hapo ndipo atakapopiga kura, wala si mahali pengine. Vijana wengi wa Kitui na Makueni hufanya kazi Nairobi na Mombasa. Ikiwa jina lako liko Nairobi, utamchagulia Nairobi Gavana, wala hutakuwa na sauti juu ya maji ya mama yako. Ukitaka kuhamisha jina lako, uombe mapema, kwa sababu orodha hufungwa kabla ya uchaguzi.

Siku ya kura vituo hufunguliwa saa 12 asubuhi na kufungwa saa 11 jioni. Aliye katika foleni wakati wa kufunga ana haki ya kupiga kura yake. Nenda na kitambulisho kile kile ulichojiandikisha nacho. Karani atakutambua kwa alama za vidole, utapewa karatasi zako zilizopigwa mhuri, nawe utaingia peke yako mahali pa siri. Tia alama moja tu katika kila karatasi, mbele ya jina na picha ya umtakaye. Kunja kila karatasi peke yake, kisha itie katika sanduku lake. Kila sanduku lina kifuniko chenye rangi ya karatasi zake, basi tazama rangi kabla ya kutumbukiza. Ukikosea kabla ya kuitia sandukuni, mrudishie msimamizi wa kituo karatasi ile, naye atakupa nyingine. Mwishowe kidole chako hutiwa wino usiofutika upesi, ili usirudi mara ya pili.

Asiyeweza kusoma, na asiyeona, na mwenye ulemavu wa mikono, aweza kusaidiwa na mtu anayemwamini, au na msimamizi wa kituo mbele ya mawakala wa wagombea. Mzee asikae nyumbani kwa kuona haya. Msaidizi ni mkono wake na macho yake tu. Uamuzi ni wa mzee mwenyewe.

HESABU NA MALALAMIKO

Kura huhesabiwa pale pale kituoni jioni ile ile, mbele ya mawakala. Kila karatasi huinuliwa ionekane. Hesabu ikiisha kuandikwa na kutiwa sahihi, nakala yake hubandikwa mahali pa wazi kituoni. Mwananchi yeyote aweza kuisoma na kuinakili. Kisha hesabu za vituo vyote hujumlishwa: za wadi katika kituo kikuu cha jimbo, na za Gavana katika kituo kikuu cha kaunti.

Asiyeridhika asirushe mawe. Sheria yampa siku 28 tangu matokeo kutangazwa apeleke shauri lake mahakamani. Shauri la kiti cha wadi husikilizwa na hakimu, la kiti cha Gavana husikilizwa na Mahakama Kuu, na hukumu yapasa kutolewa kabla ya miezi 6 kupita.

JUU YA HONGO

Sheria ya makosa ya uchaguzi ya mwaka 2016 yamtia hatiani anayetoa hongo, na anayepokea pia. Lakini tuache sheria kwanza, tufanye hesabu ya dukani. Tuseme mgombea amekupa shilingi 200. Kipindi cha miaka 5 kina siku 1,826 hivi. Ukigawanya utaona kwamba ameinunua sauti yako kwa senti 11 kwa siku, na kwa senti hizo hupati hata kibiriti. Naye mnunuzi hana deni kwako tena, kwa kuwa amekwisha kulipa. Siku utakapokwenda kumwuliza habari za dawa au za kisima, atakujibu moyoni mwake kwamba biashara yenu ilikwisha siku ile.

Vivyo hivyo tusimpime mgombea kwa michango ya karo na mazishi peke yake. Kuchanga ni jambo jema, na jirani yeyote aweza kulitenda. Kuyasimamia mamilioni ya kaunti ni kazi nyingine, yenye kutaka mtu msomaji, mwenye ushupavu, asiyeogopa kumwuliza mkubwa swali.

BAADA YA KURA

Kazi ya mwananchi haiishi wino unapofutika kidoleni. Katiba yaagiza kwamba wananchi washirikishwe katika mambo ya kaunti, na mikutano ya kuyajadili makadirio huitishwa kila mwaka. Makueni wamejenga desturi ya kuanzia mazungumzo hayo vijijini, kisha yakapanda mpaka wadi na kaunti nzima, kwa kamati ambazo wananchi wenyewe huzichagua. Palipo na mkutano wa namna hiyo, nenda. Mkutano uliohudhuriwa na watu 10 huandikwa kwamba wananchi wamekubali, sawasawa na ule uliohudhuriwa na watu 500.

MASWALI YA KUJIPIMA

Yafaa wasomaji waketi pamoja, nyumbani au katika chama chao, wakajibizane maswali haya:

1. Wadi yako yaitwaje, na Mwakilishi wake ni nani?
2. Je, jina lako limeandikwa katika kituo gani?
3. Mambo gani kati ya haya ni ya kaunti: zahanati, shule ya msingi, soko, polisi, maji?
4. Nani huyatayarisha makadirio ya kaunti, na nani huyapitisha, na kabla ya tarehe gani?
5. Katika makadirio ya mwaka huu, wadi yako imetengewa nini?

Atakayeweza kuyajibu manne ya kwanza amelielewa somo hili. La tano halimo katika karatasi hii. Jibu lake liko katika ofisi za kaunti, Kitui mjini na Wote, na kwa Mwakilishi wako wa Wadi. Mwendee ukamwulize. Kwa namna atakavyokujibu utajua mwenyewe kama afaa kupewa tena karatasi yako ya sita.